Mgao, ukongwe kazini na orodha tusiyoiona

Kila mara Tume ya Huduma za Walimu inapotangaza nafasi za kupandishwa vyeo, chumba cha walimu katika shule ninayofundisha hapa Nairobi hugawanyika. Wapo wanaoshikilia kwamba aliyetangulia kuajiriwa ndiye anayestahili kutangulia kupanda, na wapo wanaosema kwamba kaunti na jamii zao zimeachwa nyuma tangu zamani, kwa hiyo lazima zitengewe sehemu yao. Ubishi huo ndio ulionifanya nisome namna India ilivyolishughulikia jambo hili, kwa kuwa huko mgao unafuata tabaka la kuzaliwa na mahakama zimeuchambua kwa undani ambao sisi bado hatujaufikia.

Katika ajira za serikali kuu ya India, asilimia 15 ya nafasi hutengewa Wadalit, yaani watu wa matabaka yaliyokuwa yakiitwa najisi, asilimia 7.5 hutengewa makabila ya asili, na asilimia 27 matabaka mengine yaliyobaki nyuma. Mwaka 1992, katika kesi ya Indra Sawhney, Mahakama ya Juu iliukubali mgao wakati wa kuajiri lakini ikakataa uendelee hadi kwenye kupandishwa vyeo. Bunge halikuridhika, na mwaka 1995 likaibadili Katiba ili makundi mawili ya kwanza yatengewe nafasi hata katika vyeo vya juu.

Hapo ndipo lilipozuka swali ambalo, kwa maoni yangu, ni zito kuliko mgao wenyewe. Tuseme mwalimu mmoja asiye katika mgao aliajiriwa 2005, na mwenzake Mdalit akaajiriwa 2010. Wa pili anapandishwa kuwa naibu wa mwalimu mkuu mwaka 2015 kwa nafasi iliyotengwa, na wa kwanza anaufikia unaibu mwaka 2017. Cheo cha mwalimu mkuu kinapobaki wazi, na kanuni inasema apewe naibu mkongwe, mkongwe ni nani? Mwaka huohuo wa 1995, katika kesi ya Virpal Singh Chauhan, Mahakama ilisema kwamba mtu kama yule wa 2005 akishapanda anarudia nafasi yake mbele ya mwenzake. Bunge likajibu mwaka 2001 kwa badiliko la 85 la Katiba, likasema kwamba aliyepandishwa kwa mgao anahesabiwa ukongwe wake tangu siku alipopanda, na likarudisha nyuma nguvu ya badiliko hilo hadi tarehe 17 Juni 1995. Naelewa uchungu wa mwalimu wa 2005. Hata hivyo, naona Bunge lilikuwa na hoja, kwa maana kumpa mtu cheo leo na kumnyima ukongwe wake kesho ni kumfungulia mlango wa ukumbini na kumfungia wa ndani.

Watu hao wawili wanaweza kubishana kortini kwa sababu kila mmoja anaiona orodha ya ukongwe wa kada yake, yaani watumishi wa ngazi moja naye, na anaweza kuipinga. Hapa kwetu mwalimu anajua gredi yake, kuanzia B5 hadi D5, na anajua alama alizopewa ikiwa ataambiwa. Lakini hana mahali pa kutazama ni nani walio mbele yake na kwa nini. Kwa hiyo mwenzake akipanda, minong'ono huanza na jina lake la ukoo, kwa kuwa ndicho kitu pekee tunachokijua kumhusu. India mtu huthibitisha tabaka lake kwa cheti cha serikali, utaratibu wenye dhuluma zake, maana Mdalit aliye Mkristo au Mwislamu hatambuliwi katika kundi hilo. Kwetu ni watu wenye ulemavu ndio wanaosajiliwa na kupewa kadi, kabila tunalikisia.

Si kwamba sheria yetu imenyamaza. Kifungu cha 232 cha Katiba ya 2010 kinataka ushindani wa haki na ustahili viwe msingi wa kuajiri na kupandisha vyeo, kisha kinataka jamii zote, wanawake kwa wanaume, na watu wenye ulemavu wapate fursa ya kutosha. Sheria ya Utangamano na Uwiano wa Kitaifa ya 2008 nayo inakataza taasisi ya umma kuwa na zaidi ya theluthi moja ya wafanyakazi kutoka jamii moja. Tatizo ni kwamba theluthi hiyo huhesabiwa kwa taasisi nzima. Taasisi inaweza kuitimiza kwa madereva, makarani na wahudumu, huku ofisi za juu zikiwa na watu wa jamii moja au mbili, na bado ripoti yake ikaonekana safi.

Mahakama ya Juu ya India ililikabili jambo hilo. Tangu kesi ya Nagaraj ya mwaka 2006, serikali inayotaka mgao katika vyeo hutakiwa kwanza kuonyesha kwa takwimu kwamba kundi husika halijawakilishwa vya kutosha, na Januari 2022, katika kesi ya Jarnail Singh, Mahakama ikaeleza kwamba takwimu hizo zikusanywe kwa kila kada, wala si kwa idara nzima. Kwa walimu wa Kenya hesabu ya namna hiyo ingetaka C3 ihesabiwe peke yake, D3 peke yake, na walimu wakuu wa D5 peke yao, kisha matokeo yawekwe wazi kabla ya nafasi kutangazwa. Vyama vyetu viwili vikuu vya walimu, KNUT na KUPPET, vinaweza kulidai hilo katika mazungumzo ya mkataba wa pamoja bila kusubiri sheria mpya.