Jinsi nilivyompelekea sahibu yangu shamba la Stardew Valley

Sahibu yangu wa Shela, kisiwani Lamu, alitaka kuendeleza shamba langu la Stardew Valley, gemu la ukulima la kompyuta, mwaka wa pili, mizinga ya nyuki imejaa asali. Nikanakili folda nzima ya gemu kwenye flashi, nikapanda boti. Akafungua: hakuna shamba. Niliumia, maana ni kazi ya miezi.

Kumbe kwenye Windows akiba, yaani mafaili yanayohifadhi ulipofika mchezoni, haikai pale gemu lilipowekwa. Nikarudi kwetu Langoni, Lamu mjini, nikabonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, nikaandika %appdata%, nikaingia StardewValley, kisha Saves. Mle mna folda yenye jina la mkulima likifuatwa na tarakimu. Nikachukua lile faili kubwa peke yake. Kwake halikuonekana tena! Linamtaka mwenzake, SaveGameInfo. Nakili folda yote, wala usiguse jina lake hata herufi moja, kwani lazima lilingane na la faili kubwa lililo ndani.

Safari ya tatu tuliweka kwanza nakala ya akiba zake pembeni, ndipo tukabandika yangu. Akawasha. Nyuki, kuku, hata samaki niliowaacha sandukuni, wote wapo. Alinishika mkono kwa furaha, na chai ikapoa mezani.