Msichana aliyeelewa hisabati kwa sarafu

Kila Jumamosi nawasaidia watoto wa jirani zetu hapa mtaa wa Umoja, Nairobi, kudurusu hisabati, na mada iliyotushughulisha zaidi muhula huu ni sehemu, yaani nusu, robo na kadhalika. Mvulana mmoja wa Gredi ya 5 huelewa akiachwa kimya na daftari lake; ukimweleza sana, anapotea. Dada yake, ambaye shuleni alishaitwa mzito, hakushika lolote ubaoni, lakini nilipompa sarafu na kumwomba awagawie watu wanne shilingi 40, alinieleza kwa sauti robo ni nini, nusu ni nini, na kwa nini robo mbili ni sawa na nusu. Hakuwa mzito hata kidogo. Alihitaji kushika na kusema kabla ya kuandika.

Mtaala wa umilisi (CBC), unaolenga kile mtoto anachoweza kufanya, ulioanza kutekelezwa kote nchini Kenya mwaka 2019 kuchukua nafasi ya mfumo wa 8-4-4 wa mwaka 1985 (miaka minane ya msingi, minne ya sekondari na minne ya chuo kikuu), unazitambua tofauti hizi, hata ukawawekea wanafunzi wa sekondari ya juu mikondo mitatu ya masomo ya kuchagua. Nauunga mkono kwa dhati. Hata hivyo, mikondo hiyo huanza Gredi ya 10, na msichana huyu angefika huko akiwa ameshaamini kwamba hesabu si zake. Mwalimu mwenye darasa lililofurika hawezi kumwandalia kila mtoto somo lake peke yake. Aongezewe wenzake, nasi wazazi tumweleze mapema, tangu wiki ya kwanza ya muhula, jinsi mtoto wetu anavyojifunza.