Penzi la Adèle
Jana usiku nilitazama L'Histoire d'Adèle H., filamu ya mwongozaji Mfaransa François Truffaut ya mwaka 1975, na hadi sasa haijanitoka moyoni. Isabelle Adjani anaigiza kama Adèle, binti wa mwandishi Victor Hugo, ambaye anavuka bahari hadi Halifax, katika Kanada ya leo, kumfuata afisa wa jeshi la Uingereza asiyemtaka tena, kisha anawaandikia wazazi wake kwamba wamefunga ndoa, ilhali ndoa hiyo haipo. Kilichoniumiza zaidi ni pale Barbados, kisiwa cha Karibi anakomfuata baadaye, anapompita mwanamume huyohuyo barabarani bila kumtambua, kwa kuwa penzi alilojijengea akilini halimhitaji tena hata huyo mpendwa mwenyewe. Truffaut hamcheki wala hamhukumu, na kwa hilo ninamheshimu sana.