Miburuzo ya Kazi Hasi

Mstari wenyewe ulikuwa mfupi: kazi (kwa maana ya fizikia, kani mara umbali) ikiwa chini ya sifuri, futa rekodi. Ulikaa katikati ya programu ya kuchambua data, umeandikwa na mhandisi aliyejenga kifaa kabla sijafika katika maabara ile ya chuo kikuu kimoja nchini Ujerumani. Machi 2011 tulikaa mbele ya skrini kuamua hatima ya data za ushanga mmoja, na kutwa nzima mjadala haukutoka kwenye mstari huo.

Kifaa kilikuwa kibano cha leza, cha ukoo wa kile ambacho Arthur Ashkin na wenzake walikionyesha Bell Labs, maabara ya utafiti ya Marekani, mwaka 1986. Mwanga wa nanomita 1064 unapita kwenye lenzi ya hadubini na kukusanyika kwenye nukta moja ndani ya maji. Ushanga wa polistirini ukipita karibu na nukta hiyo hunaswa, na ukisogea pembeni unarudishwa katikati kwa kani inayokua sawia na umbali. Ushanga wetu ulikuwa na kipenyo cha mikromita 2. Leza tuliipunguza hadi milliwati chache tu kwenye nukta, ili mtego uwe laini: ukakamavu wa pikonyutoni 1 kwa kila mikromita. Kwa mtego laini hivyo, molekuli za maji zikiupiga ushanga huku na huku, unatangatanga takriban nanomita 64 kutoka katikati, nao huchukua milisekunde 17 hivi kusahau ulipokuwa. Namba hizo mbili, 64 na 17, ndizo zilizopanga kila kitu kilichofuata.

Maandalizi ya sampuli yanaonekana madogo lakini ndiyo yanayoharibu wiki nzima. Shanga huuzwa zikiwa nzito, asilimia 2.5 kwa uzito, yaani bilioni kadhaa katika kila mililita. Lazima zizimuliwe mara 100,000, kwa hatua mbili au tatu, hadi kati ya ushanga na ushanga ubaki umbali wa robo milimita. Usipofanya hivyo, katikati ya kipimo ushanga wa pili unaingia mtegoni na mchoro wa mahali unaruka ghafla. Maji yawe yaliyosafishwa, bila chumvi. Shanga na kioo vyote vina chaji hasi na husukumana, lakini chumvi inaficha chaji hizo na ushanga unaganda kwenye kioo kama umegundishwa kwa gundi. Halafu kuna suala la kina. Ukiwa mikromita 5 tu juu ya kioo, msuguano wa maji unapanda kwa zaidi ya asilimia 12, kwa kuwa maji hayana nafasi ya kuupisha ushanga. Sisi tulipima kwenye mikromita 20, ambako ongezeko ni chini ya asilimia 3, na kwa sababu hiyo lenzi ilikuwa ya kuzamishwa kwenye maji. Lenzi ya mafuta huharibu nukta ya mwanga ukienda kina hicho.

Kipimo chenyewe: mtego unakaa tuli nusu sekunde, kisha unahamishwa kwa mwendo mmoja, mikromita 3.8 kwa sekunde, kwa milisekunde 50, halafu unasimama. Umbali wote hauzidi mikromita 0.19. Baada ya nusu sekunde nyingine unarudishwa ulikotoka kwa mwendo uleule. Kwenda ni mburuzo mmoja na kurudi ni mburuzo mwingine. Ile nusu sekunde haipunguzwi kwa ajili ya haraka. Nadharia tuliyokuwa tunaipima, ya kazi kwenye mifumo midogo inayotikiswa na joto, inadai ushanga uanze kwenye msawazo, yaani umetulia mtegoni bila kuegemea upande wowote, na milisekunde 500 ni karibu mara 30 ya muda wake wa kusahau. Ukisubiri milisekunde 20 tu, ushanga bado umeegemea upande ulikotoka na kila hesabu inayofuata ni batili.

Kamera ilipiga picha 1,000 kwa sekunde. Kazi tuliihesabu picha kwa picha: kani ya mtego mara hatua ambayo mtego umesogea, ukichukua mahali pa mtego katikati ya hatua. Napenda kulisisitiza hili kwa sababu wanaoanza hulikosea: ni hatua ya mtego, si hatua ya ushanga. Ukizidisha kani kwa hatua ya ushanga unapata joto linalomwagwa majini, na milinganyo ya nadharia hiyo, nitakayoifikia, haiongelei hilo.

Mtego ukitangulia na ushanga ukabaki nyuma, sisi ndio tunaofanya kazi, nayo ni chanya. Hiyo ndiyo hali ya kawaida. Lakini ni kama anayevuta ngalawa kwa kamba kwenye maji ya ufukweni: mara moja moja wimbi linakisukuma chombo mbele na kamba inalegea. Ushanga unaweza kupigwa na molekuli ukautangulia mtego, na ukibaki mbele kwa sehemu kubwa ya zile milisekunde 50, jumla ya kazi inatoka hasi. Maji, yenye halijoto moja kila mahali, yametoa joto na joto hilo limegeuka kazi. Sheria ya pili ya themodinamiki, jinsi inavyofundishwa sekondari, inakataa jambo hilo.

Hoja ya mhandisi haikuwa ya kipuuzi, na ni haki niieleze kwa nguvu zake zote. Kazi inategemea umbali kati ya ushanga na katikati ya mtego. Kamera haiuoni mtego. Inauona ushanga tu. Katikati ya mtego tunaijua kwa kupima mahali pa wastani pa ushanga uliotulia. Chumba kikipata joto kidogo, kishikio cha kamera kinatanuka na sifuri inahama. Sifuri ikihama nanomita 20 tu, kila mburuzo unapata kosa la kazi la karibu 0.9 kT. (kT ni kipimo cha nishati ya mitikisiko ya joto, kwa nyuzi 25 za selsiasi ni zeptojuli 4.1.) Wastani wa kazi yetu ulikuwa karibu na 2 kT, kwa hiyo kosa la 0.9 linatosha kutengeneza thamani hasi za uongo kwa wingi. Alikuwa ameyaona hayo kwa macho yake kwenye vipimo vya zamani, na kile kichujio kilikuwa dawa yake.

Profesa aliuliza swali moja: kama ni sifuri iliyohama, thamani hasi zingekuwa wapi? Jibu lilikuwa ndani ya mpango wa kipimo wenyewe. Kosa la sifuri lina upande. Likiongeza kazi wakati wa kwenda, linaipunguza kwa kiasi kilekile wakati wa kurudi. Kwa hiyo thamani hasi za uongo zingerundikana kwenye safari za upande mmoja, tena zingekuja kwa makundi, kwa sababu joto la chumba hubadilika polepole. Tulizichora zote kwa mfuatano wa saa, za kwenda kwa rangi moja na za kurudi kwa nyingine. Zilitapakaa. Pande zote mbili zilikuwa na idadi inayokaribiana, na hapakuwa na dakika yenye msongamano.

Sifuri nayo tuliipima upya, na hapo pana mtego wa namna nyingine. Kishawishi ni kuchukua ile nusu sekunde ya kusubiri kabla ya kila mburuzo na kuifanya sifuri ya mburuzo huo. Usifanye hivyo. Katika nusu sekunde ushanga unakupa vipimo huru kama 15 tu, na wastani wake una kosa la nanomita 16 au 17, sawa na 0.8 kT. Unakuwa umeondoa kosa la polepole na kuweka kelele kubwa mahali pake. Ukichukua wastani wa vipindi vya kusubiri vya miburuzo 100 mfululizo, ambavyo ni chini ya dakika moja, kosa linashuka hadi nanomita 1.7, chini ya 0.1 kT. Joto la chumba haliwahi kuhama sana ndani ya dakika moja.

Baada ya marekebisho hayo, thamani hasi zilibaki palepale: takriban 16 katika kila miburuzo 100. Hiyo ndiyo idadi inayotakiwa. Kwa ushanga kwenye mtego wa namna hii, kazi hutawanyika kwa mchoro wa kengele, na variansi yake (kipimo cha mtawanyiko, ambacho mzizi wake wa pili ni mkengeuko sanifu), kwa kipimo cha kT, ni mara mbili ya wastani. Wastani 2, variansi 4, mkengeuko sanifu 2. Sifuri iko mkengeuko mmoja chini ya wastani, na chini yake hubaki asilimia 16. Uwiano huo wa variansi na wastani nimeendelea kuutumia kama kipimo cha afya ya kifaa, kwa kuwa ukikosea ukakamavu wa mtego kwa asilimia 5, uwiano nao unakosea kwa asilimia 5 na unakupa taarifa mapema.

Kisha tukaendesha programu mara mbili, pamoja na kichujio na bila kichujio, na kuhesabu kile alichokithibitisha Christopher Jarzynski mwaka 1997: chukua e^(−W/kT) ya kila mburuzo, W ikiwa ni kazi yake, piga wastani, nao utakuwa sawa na e^(−ΔF/kT), ambapo ΔF ni tofauti ya nishati huru (ile ambayo mfumo unaweza kuitoa kama kazi) kati ya mwanzo na mwisho. Mlinganyo huu haujali kasi. Unaweza kuuburuza ushanga mbali na msawazo kadiri upendavyo na usawa ukabaki. Mtego wetu ulikuwa uleule mwanzo na mwisho, umehama tu, kwa hiyo ΔF ni sifuri na wastani lazima uwe 1. Bila kichujio ulitoka 1, ndani ya kosa linalotarajiwa la 0.16 kwa miburuzo 2,000. Kwa kichujio ulitoka karibu na 0.19.

Sababu ya 0.19 inapatikana kwa kalamu na karatasi. Ukizidisha mchoro wa kengele wenye wastani 2 kwa e^(−W/kT), unapata kengele nyingine yenye upana uleule, lakini kilele chake kimehamia −2. Maana yake, miburuzo inayobeba ule wastani haiko kwenye kazi ya 2 kT, ambako data zimejaa. Iko kwenye −2, mkiani. Asilimia 16 ya miburuzo, ile ya kazi hasi, inabeba asilimia 84 ya jumla. Kichujio kilikuwa kinatupa uzito wa mlinganyo na kubakiza makapi, kisha kinaripoti tofauti ya nishati huru ya 1.67 kT mahali ambapo hakuna tofauti yoyote.

Hakuna sheria iliyovunjwa. Wastani wa kazi ulikuwa 2 kT, chanya, na sheria ya pili inazungumzia wastani. Utafiti wa Denis Evans, Eddie Cohen na Gary Morriss wa mwaka 1993, na mwingine uliofuata, ulieleza ni mara ngapi mwenendo wa kinyume, yaani wa kazi hasi, unaruhusiwa: kwa mfumo kama wetu, kazi ya +W hutokea mara e^(W/kT) zaidi ya −W. Kwa 1 kT ni mara 2.7, kwa 2 kT ni mara 7.4. Tulilinganisha nguzo za histogramu (mchoro unaoonyesha idadi ya miburuzo kwa kila kiasi cha kazi) jozi kwa jozi, nazo zikafuata. Mwaka 2002 kundi la watafiti la Canberra, Australia, lilikuwa limeshaona mambo haya kwa ushanga wa lateksi wa mikromita 6.3, na mienendo yao ya kinyume iliendelea kuonekana hata kwa sekunde mbili, muda mrefu sana kwa kitu cha namna hiyo.

Tulikubaliana siku ileile kwamba rekodi itafutwa kwa chanzo, kamwe si kwa matokeo. Ushanga wa pili ukionekana kwenye picha, rekodi inatoka. Mtetemo wa lifti ukinaswa na kipima mtetemo cha meza, rekodi inatoka. Uamuzi unafanywa kabla ya kazi kuhesabiwa, na faili la sababu linahifadhiwa. Mhandisi mwenyewe ndiye aliyeuandika upya mchakato huo, tena vizuri kuliko ambavyo ningeweza.

Jioni tulijaribu kasi mara mbili. Wastani wa kazi unapanda mara nne, hadi 8 kT, na kilele cha ile kengele ya pili kinaenda −8, mikengeuko minne chini ya wastani. Ili kutarajia kufika huko mara moja tu unahitaji miburuzo zaidi ya 30,000. Kwa miburuzo 2,000 wastani wa Jarzynski ulitoka karibu robo, na data hazikuwa na dosari yoyote. Kupata usahihi uleule wa 0.16 kungehitaji miburuzo milioni 350, ambayo kwa kifaa kile ni miaka 6 ya usiku na mchana. Kanuni ninayoifuata tangu hapo: kazi inayopotea (wastani wa kazi ukiondoa ΔF) ikizidi 4 au 5 kT, nisitegemee mlinganyo huo peke yake. Napunguza kasi, au napima kwenda na kurudi na kutafuta mahali histogramu mbili zinapokatana, njia iliyotokana na mlinganyo wa Gavin Crooks wa 1999.

Jaribio lililofuata lilikuwa kuukaza mtego mahali pamoja, kutoka pikonyutoni 1 hadi 2 kwa mikromita. Hapo ΔF si sifuri tena: ni nusu ya logi asilia ya 2, yaani 0.35 kT. Kwa kile kichujio cha zamani, kiasi kidogo hivyo kisingeonekana kabisa.