Kamera nyumbani kwa mtoto mwenye ugonjwa adimu

Ukirekodi dokumentari ya mtoto mwenye ugonjwa adimu Newala au Nachingwea, sentensi ya kuchunga kuliko zote ni ile inayosema ugonjwa umetoka wapi. Chukua Duchenne, ugonjwa wa misuli unaoshika karibu watoto wa kiume peke yao. Mtaalamu akisema mbele ya kamera "umetoka kwa mama," amesema nusu ya ukweli. Takribani mtoto mmoja kati ya watatu huwa na hitilafu mpya ya jeni ambayo mama yake hana. Na huku Kusini, ambako Wamakonde, Wamwera na Wayao huhesabu ukoo kwa mama, maneno hayo hayaishii kwake. Yanawafuata mama wadogo na mabinti wao ambao hawajaolewa. Basi wakati wa kuhariri, nusu zote mbili ziende pamoja au zitoke pamoja.

Ndiyo maana saini ya mzazi haitoshi. Mjomba wa mtoto aketishwe aelezwe mapema, asije akayaona kwenye simu ya jirani. Mtoto naye aulizwe, na akikataa siku hiyo, funga begi. Ridhaa iombwe tena familia ikishatazama filamu iliyohaririwa, kwa sababu ikishaingia WhatsApp hairudi.

Kwenye mahojiano, "ulijisikiaje?" huleta kilio na kimya. Uliza vitu: alianza kutembea na miezi mingapi, alikuwa akianguka wapi, nani aliona kwanza. Mama atakuonyesha mwenyewe mwanawe anavyoinuka: anageuka kifudifudi, anainua makalio, kisha mikono inapanda magotini na mapajani, kama anayejikwea mwenyewe, mpaka asimame. Hilo rekodi mara moja tu. Usimrudishe chini eti mwanga haukukaa sawa, maana misuli ile inachoka upesi. Jiandae kabla: kamera usawa wa kiuno chake, mita 2 au 3, mwili mzima uonekane, mlango ulio wazi uwe mgongoni kwako.

Mtoto wa epidemolisisi bulosa, ambaye ngozi yake huchubuka kwa msuguano mdogo tu, asibandikwe chochote chenye gundi. Wengi hubandika kipaza sauti kifuani kwa plasta. Kwake, plasta ikibanduliwa hutoka na ngozi. Kibane kwenye kanga ya mama anayempakata.

Msimu wa korosho usiende asubuhi, mama yuko shambani anaokota. Mvua ikianza kupiga bati, subiri ipite. Sauti hiyo huwezi kuisafisha baadaye.

Kinachosahaulika ni kadi ya kliniki. Picha ya karibu ya mkono wa bibi ukiikunjua hupendeza sana, nayo inabeba jina la mtoto, kijiji na namba ya faili. Igeuze upande usio na maandishi kabla ya kurekodi.