Kiporo cha ukweni kule Arbroath

Mgeni hapewi kiporo. Kwetu Njombe, hata kama ndani hamna kitu, mama atamtuma mtoto dukani akakope mayai mawili kuliko kumpakulia mgeni chakula cha jana. Na mgeni huyo akiwa mkwe, ndiyo kabisa. Kwa hiyo mtanielewa nikisema kwamba Jumatatu ile ya Oktoba, jikoni kwa mama mkwe wa mdogo wangu, nilikaribia kulia.

Mdogo wangu ameoa Uskoti. Harusi ilipita bila sisi kwa sababu ya nauli, na kwa miaka mingi mama alikuwa ananisukuma: nenda ukaone mtoto wetu analala wapi, anakula nini. Nilidunduliza, nikaenda. Ya ndege sina la kusimulia, na London nililala usiku mmoja tu. La kusimulia ni treni. Tikiti ya kutoka stesheni ya King's Cross mpaka Arbroath, mji wa pwani wanakoishi, niliikata siku mbili kabla, na bei niliyotozwa, nikiigeuza kuwa shilingi, ni magunia matano ya viazi kwa bei ya shambani. Magunia matano! Kwa kiti kisicho na dirisha, nimebanwa na ukuta kwa saa sita, na kikombe cha chai ya majani ya kuchovya kwa pauni tatu. Nikauliza kama ningeikata mapema bei ingekuwa ileile, nikaambiwa ingekuwa chini ya nusu. Mtu aliyefiwa na anayesafiri kwa dharura anafanyaje? Jambo hilo linanikera mpaka leo.

Baada ya Edinburgh abiria mmoja alishuka, nikahamia dirishani. Tukavuka daraja la Forth, lile la chuma chekundu la mwaka 1890, halafu tukafika Mto Tay. Pale kwenye maji, pembeni ya daraja, niliona visiki vya mawe vimejipanga mstari mmoja mpaka ng'ambo. Ni nguzo za daraja la kwanza, lililoanguka kwa dhoruba usiku wa tarehe 28 Desemba 1879, treni ikiwa juu yake, na hakuna aliyetoka hai. Hawakuving'oa visiki vile. Treni zote zinapita kandokando yake, watu wanakula mikate yao.

Nilifika Jumamosi jioni. Baridi ya Njombe naijua, nimekwenda shule Juni miguu ikiwa imepasuka, lakini upepo wa Bahari ya Kaskazini ni kitu kingine. Unapita kwenye koti. Na ndani ya nyumba joto linawashwa kwa saa, asubuhi kidogo na jioni kidogo, kwa sababu bili ya gesi inawatisha hata wenyewe.

Jumapili tulitoka kanisani tukakaa mezani. Mama (nilimwita hivyo tangu mlangoni, na alifurahi) alikuwa ameoka pande kubwa la nyama ya ng'ombe kwenye oveni, pamoja na viazi, karoti na mchuzi mzito. Akaikata mwenyewe kwa kisu kirefu. Kila mtu vipande viwili, vyembamba. Nilisubiri mzunguko wa pili, haukuja. Pande lililobaki lilikuwa kubwa kuliko tulichokula. Akalifunga kwenye karatasi ya alumini, akaliweka kwenye friji. Kisha akachukua ile trei ya kuokea akayamimina mafuta yake kwenye bakuli jeupe, taratibu, mpaka tone la mwisho, kama mtu anayepima dawa ya mtoto. Nikasema moyoni, huyu mama ni mkono wa birika. Kwetu nyama iliyopikwa kwa ajili ya mgeni huisha mbele ya mgeni.

Jumatatu asubuhi wifi akaniambia kwa furaha kabisa, "Wifi, leo tunakula stovies! Mama anatumia ile nyama ya jana." Stovies ni viazi vinavyopikwa na nyama iliyobaki.

Nikapanda chumbani. Nikakaa kitandani na koti langu. Nilikuwa namkumbuka mama yangu siku wifi huyuhuyu alipokuja Njombe mara ya kwanza: jogoo wetu wa pekee alichinjwa asubuhi, mchana tukanunua samaki wa Ziwa Nyasa, jioni mama akaenda kukopa mchele mzuri kwa jirani ili ugali usirudiwe mara mbili. Nami nimevuka bahari napewa mabaki. Niliona tumedharauliwa, si mimi peke yangu, ukoo mzima.

Mdogo wangu akanifuata. Ananijua nikinuna.

"Dada, wageni wake huwa anawapeleka mgahawani kula samaki. Sijawahi kumwona akimpikia mgeni stovies. Hiki wanakula wao kwa wao."

Sikumjibu. Lakini nilishuka. Pale mezani nikakuta kisu kidogo na beseni la viazi, na mama ameshavaa aproni. Nikahesabu: Jumamosi, Jumapili, Jumatatu. Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Nikavuta kiti, nikaanza kumenya.

Hapo ndipo nilipopoa, kwa kweli. Mimi viazi nimevimenya tangu sijaanza shule. Yeye alitumia kile kifaa chao cha kuparua. Mimi nilitumia kisu, ganda likishuka mzima mpaka kiazi kinaisha. Akaacha kazi yake akanitazama. Akaokota ganda moja, akalinyoosha juu ya taa likaonyesha mwanga, akawaita wajukuu waje kuona. Kiingereza chake ni kizito, nusu ya maneno yalinipita, viazi vyenyewe anaviita tattie. Lakini nilielewa aliposema kwamba watoto wako nyumbani kwa likizo ya viazi. Shule za kule hufungwa Oktoba, na jina hilo limebaki tangu zamani, watoto walipokwenda mashambani kuokota viazi. Yeye mwenyewe aliokota, mgongo umepinda nyuma ya trekta tangu alfajiri, vidole vimekufa ganzi kwenye udongo wa baridi, analipwa kwa siku. Nami nikamweleza kwamba ada yangu ya sekondari ilitoka kwenye gunia la lumbesa, lile linalojazwa likavimba kichwa mpaka lishonewe kwa kamba juu, na mnunuzi analipia kama gunia moja. Akauliza mara mbili kama amesikia vizuri. Halafu akakasirika, uso ukawa mwekundu, kwa ajili ya baba yangu aliyeibiwa miaka yote ile.

Sasa upishi wenyewe. Alitoa lile bakuli jeupe. Usiku kucha kwenye friji lilikuwa limejitenga: juu mafuta meupe yameganda kama samli, na chini yake tabaka la kahawia linalotikisika, maji ya nyama yaliyogeuka jeli. Alichota vijiko viwili vikubwa vya mafuta kwenye sufuria nzito ya chuma, vikayeyuka, na jiko lote likanukia nyama ingawa nyama bado ilikuwa kwenye friji. Vitunguu vitatu vikubwa vikaingia, vikalainika bila kuungua. Viazi kama kilo moja na nusu, vile vyenye unga, alivikata kwa namna mbili: nusu vyembamba, nusu vinene. Vyembamba viyeyuke viwe mchuzi, vinene vibaki vya kutafuna. Chumvi, pilipili manga, ile jeli yote ya kahawia, na maji ya moto kikombe kimoja tu. Kikombe kimoja kwa sufuria ile! Akafunika, akapunguza moto mpaka ukawa kama macho ya paka.

Dakika kumi zikapita sikusikia kitu kikichemka. Nikaona vinaungua. Mama alikuwa amegeuka anakata nyama, mkono wangu ukaenda wenyewe: nikafunua, nikashika mwiko, nikakoroga, nikanyoosha mkono kwenye birika niongeze maji.

Akanishika kiganja. Hakunikaripia. Alichukua mwiko akauweka kwenye sinki, akarudisha mfuniko, akaushikilia kwa mikono miwili kama anayembembeleza mtu asiondoke. Kisha akaniambia polepole ili nielewe: viazi hivi havichemshwi, vinaivishwa na jasho lao. Ukifunua, jasho linakwenda. Ukikoroga, vinakuwa uji. Unaishika sufuria masikio na kuitikisa, basi.

Tukasubiri karibu saa nzima. Nikamwambia kwamba mkoani kwetu, juu ya Ziwa Nyasa, kuna safu inayoitwa Milima ya Livingstone. Akapiga kofi mezani: Livingstone alizaliwa Blantyre, kusini kule, mwaka 1813, na akiwa na miaka kumi tu alikuwa akifanya kazi kwenye kiwanda cha pamba. Akaniambia pia kwamba sufuria kama ile, nyama isipokuwepo, inaitwa barfit, yaani pekupeku. Utotoni mwake walikula pekupeku mara nyingi kuliko za viatu. Ndiyo maana Jumapili nyama hukatwa vipande viwili. Pande linalobaki halijabaki. Limehesabiwa tangu bucha.

Dakika za mwisho akafunua, akamwaga nyama juu, akafunika tena ipate moto tu, maana ilishaiva jana. Pembeni kukawa na biskuti kavu za oti zisizo na sukari, bitiruti ya siki, na glasi ya maziwa baridi ambayo tumbo langu liliikataa. Viazi vilikuwa vizito, vinang'aa mafuta, utamu wa kitunguu umeingia mpaka ndani. Nilirudia mara mbili na hakuna aliyenihesabia.

Kisha akainamisha sufuria akaanza kukwangua chini. Kwarakwara, kwarakwara. Ukoko! Ukoko wa viazi, wa kahawia, umeshika vitunguu na mafuta. Mjukuu wa kiume akanyoosha sahani, na wa kike naye. Mama akawapita wote, akauweka kwenye sahani yangu.

Siku nyingine kumi na moja nilizokaa zilikuwa mvua, maduka na magofu ya abasia ya mawe mekundu.

Nimerudi Njombe na nimejaribu. Viazi si tatizo. Nyama ndiyo tatizo: kilo haishuki shilingi 10,000, na kwetu nyama ya Jumapili haijawahi kuiona Jumatatu. Ilibidi niifiche robo kilo, nikamwomba mwenye bucha mafuta yale anayoyatupia mbwa, nikayayeyusha. Sufuria zetu ni nyepesi na mfuniko unapumua, kwa hiyo mama akauwekea makaa juu, kama anavyopalia wali. Alipouliza ni chakula gani hiki, nikamwambia ni kiporo cha ukweni. Akanyamaza muda mrefu. "Na ulikula?"

Nikampigia mdogo wangu kwa video, na mama yake wa kule akatokea kwenye skrini na aproni ileile. Mama yangu hajui Kiingereza. Akaiinua sufuria yetu nyeusi mbele ya simu, akaiinamisha mpaka ukoko ukaonekana, na yule mama akasogeza uso karibu kabisa, akacheka, akawa anaonyesha kwa kidole makaa yaliyokuwa juu ya mfuniko.

"Anasemaje?" mama akaniuliza.

"Anauliza kwa nini umewasha moto juu ya chakula."

Mama akavuta kigoda karibu na simu. "Mwambie asikate, nimweleze."