Mama Wamukoya, askofu aliyetokea ofisi za jiji

Watu wengi niliowauliza hapa Arusha, hata Waanglikana wenzangu, hawamjui Ellinah Wamukoya. Wa Uingereza wanamjua, Mama Sarah Mullally, maana Oktoba 2025 alipotangazwa kuwa Askofu Mkuu wa Canterbury, yaani askofu wa juu kabisa wa Kanisa la Uingereza, kila grupu la WhatsApp lilikuwa na picha yake, wengine wanashangilia wengine wanatubu kabisa kama vile dunia imefika mwisho. Ila huyu Wamukoya, mwanamke wa kwanza kuwa askofu wa Anglikana Afrika nzima, mtu wa bara letu, Mwafrika mwenzetu, akitajwa watu wanauliza huyo nani. Hii inaniuma kwa kweli.

Alizaliwa 1951 kule Swaziland, ndo hiyo sasa inaitwa Eswatini tangu 2018. Jina la Wamukoya ukilisikia unajua limetoka Magharibi ya Kenya kwa Waluhya, ni jina la mume, yeye mwenyewe ni Mswazi. Na kabla ya joho alikuwa mtu wa serikali za mitaa, alifanya kazi halmashauri ya jiji la Manzini mpaka akawa mtendaji mkuu, cheo ambacho hapa kwetu ni kama mkurugenzi wa jiji.

Naomba hapo msipapite haraka. Hivi unajua mkurugenzi wa jiji anabeba nini? Muangalie wa hapa Arusha tu, taka zisipozolewa ni yeye, soko la Kilombero likijaa maji ni yeye, wamachinga wakihamishwa ni yeye, viwanja vikiuzwa mara mbili ni yeye, mishahara ikichelewa ni yeye, na madiwani wanamsubiri kwenye kikao na mafaili yao. Sasa hiyo kazi aliifanya mwanamke, tena kwenye nchi ya kifalme ambako sheria ilimchukulia mke wa ndoa kama yuko chini ya usimamizi wa mumewe, mpaka 2010 ndo kesi ya Mary-Joyce Doo Aphane ilipofika mahakamani na mahakama ikasema kumzuia mke kuandikishwa jina lake kwenye hati ya nyumba waliyonunua na mumewe ni kinyume cha katiba. 2010 jamani, sio zamani za babu. Yaani mama anasimamia mji mzima wenye viwanja na nyumba, halafu sheria ya nchi inawazuia wanawake wenzake waliofunga ndoa kuweka jina kwenye hati ya nyumba yao wenyewe.

Watu wakisema "aliingia upadre akiwa mtu mzima" huwa wanasema kama kasoro. Lakini Kanisa Anglikana la Kusini mwa Afrika lenyewe, ambalo Swaziland imo ndani yake, liliruhusu wanawake kuwa makasisi mwaka 1992, enzi za Askofu Mkuu Desmond Tutu. Mwaka huo huyu mama alikuwa na miaka kama 41. Angeingia saa ngapi sasa? Mlango wenyewe haukuwepo. Ulipofunguliwa aliingia na kila alichojifunza ofisini, na alipochaguliwa kuwa askofu Julai 2012 alikuwa mlezi wa kiroho wa wanafunzi pale Chuo Kikuu cha Swaziland na sekondari ya St Michael's Manzini.

Akawekwa wakfu kuwa askofu wa Swaziland tarehe 17 Novemba 2012. Na hii tarehe mimi naipenda sana kwasababu siku 3 tu baadaye, tarehe 20, sinodi kuu ya Kanisa la Uingereza ilikaa ikapiga kura kuhusu maaskofu wanawake na ikakataa, kura chache za walei, yaani waumini wasio makasisi, ndo zilizokwamisha, wao wenyewe walikuja kukubali 2014 na Libby Lane akawekwa wakfu Januari 2015. Kwahiyo tunaposikia kwamba haya mambo ya maaskofu wanawake "yanaletwa na wazungu" tukumbuke kwamba Swaziland walitangulia Uingereza zaidi ya miaka miwili. Hakuna mtu aliyewasukuma, walikaa wakasali wakapiga kura wakamchagua mama yao.

Juzi kwenye kikao cha harusi Moshi nilibishana na baba mdogo wangu, ni Mlutheri wa siku nyingi, mzee wa kanisa, mtu namheshimu mno. Akaniambia, "Mwanangu, Timotheo wa kwanza mlango wa tatu, askofu awe mume wa mke mmoja, sasa huyo mama ni mume wa nani?" Watu wakacheka. Nikamwambia baba mdogo, kwa heshima zote, nyie kwenye KKKT mna wachungaji wanawake tangu miaka ya 90, wanabatiza, wanazika, wanawapa Meza ya Bwana, na ule mlango huohuo unasema pia mashemasi wawe waume wa mke mmoja, halafu Warumi 16 Paulo anamtaja dada Fibi mhudumu wa kanisa la Kenkrea, na hilo "mhudumu" kwa Kigiriki ni neno lilelile la shemasi, na anaagiza apokelewe kama inavyowapasa watakatifu. Akanyamaza kidogo akasema tutaongea. Sijamshinda na sikutaka kumshinda, nilitaka tu ajue kwamba na sisi tumesoma.

Sasa turudi kwa Mama Wamukoya. Dayosisi aliyoichukua haikuwa ya kukaa kwenye kiti kizuri. Eswatini ni nchi yenye kiwango kikubwa cha maambukizi ya VVU kuliko nchi zote duniani, takriban mtu mzima 1 kati ya 4, kwahiyo fikiria yatima, bibi zinazolea wajukuu, mazishi. Halafu ukaja ukame wa 2015 na 2016, mpaka Februari 2016 serikali ikatangaza janga la kitaifa. Huyu mama alikuwa ndo askofu anayesimamia mambo ya mazingira kwenye jimbo lao la Kusini mwa Afrika, anahubiri maji, anahubiri miti, anahubiri udongo. Hapo ndo mimi naiona ile halmashauri ndani ya joho. Mtu aliyeshughulika na mabomba na mitaro hawezi kuhubiri maji kwa mashairi matupu, anajua maji yanapotokea na yanapopotelea. Sisi tunaokaa chini ya Meru, tunaoona mito inavyopungua, tungemsikiliza vizuri sana.

Na sio yeye peke yake aliyetokea nje. Barbara Harris, mwanamke wa kwanza kabisa kuwa askofu wa Anglikana duniani, Boston Februari 1989, Mmarekani mweusi, alikuwa mtu wa mahusiano ya umma kwenye kampuni ya mafuta. Walimsema hana digrii ya chuo cha theolojia, walimsema ameachika, siku ya kuwekwa wakfu aliambiwa avae fulana ya kuzuia risasi akakataa. Na huyo Mullally alikuwa muuguzi, muuguzi mkuu wa serikali ya Uingereza kabisa, kabla ya upadre. Mimi naamini hii sio bahati tu. Hawa wamama walinyimwa njia ya kawaida ya ujana, wakapita kazini, na kazi ikawafundisha watu.

Ndio maana nakasirika nikiona kanisani tunavyowapanga wanawake. Kuna mama ni mhasibu mstaafu, kuna mwingine alikuwa matroni wa wodi miaka yote, kuna wa Mothers Union anaendesha vikoba vya wanawake wengi bila shilingi kupotea, halafu ikifika kugawa majukumu wanapewa maua na chai. Chai ni huduma nzuri na mimi naipika, ila mahesabu ya parokia anapewa kijana ambaye hajawahi hata kufunga mwaka wa fedha.

Mama Wamukoya alifariki tarehe 19 Januari 2021 kwa Covid, wimbi lile lile lililomchukua hata waziri mkuu wa nchi yao Ambrose Dlamini mwezi mmoja kabla. Mwaka huohuo 2021 Kenya jirani zetu hapo Namanga tu ukivuka, wakapata Emily Onyango askofu msaidizi wa Bondo, na Septemba Rose Okeno akawa askofu wa Butere. Butere ni Uluhyani, kule kule jina la Wamukoya linakotokea.

Mimi tangu nizaliwe sijawahi kuwekewa mikono na askofu mwanamke. Mabinti wa darasa la kipaimara mwaka huu nao bado, lakini angalau wamjue. Nimemuomba mwalimu wao nusu saa Jumamosi ijayo na amekubali, kwahiyo kama kuna mtu ana picha nzuri ya Mama Wamukoya akiwa na fimbo yake ya kichungaji, inayoweza kuchapishwa kubwa bila kuvunjika, naomba anitumie kabla ya Ijumaa.